Bibi Aliyeomba Hewa

Paukwa!

Pakawa!

Mbona sauti nyembamba hivyo? Vuteni pumzi! Paukwa!

Pakawaaa!

Naam. Pumzi kama hiyo mliyoitikia, yuko bibi aliyeipigania.

Hapo zamani za kale alikuwapo Jumbe Ngwali, aliyetaka nyumba nyeupe pepepe. Akajenga tanuri la chokaa bondeni, katikati ya nyumba za watu. Yeye alikaa juu kilimani, upande unakotoka upepo. Tanuri likanguruma, vuu! vuu! Vifua vya watu vikajibu, koho! koho!

Watu walipolalamika, Jumbe alisema, "Huo ni uvivu, umewaingia vifuani."

Bondeni alikaa Bi Mwanamkasi, mkunga mzee aliyewapokea watoto wote wa kijiji. Mjukuu wake Mize akaanza kukohoa. Koho! koho! Mbavu zikabonyea, midomo ikawa ya kijivu. Bibi akaona mtoto anamponyoka. Akambeba, akapanda kilima, akatandika mkeka barazani kwa Jumbe.

"Hodi, Jumbe."

"Karibu, bibi. Una shida gani?"

"Nimekuja kuomba."

"Chumvi? Moto?"

"Hewa. Kwetu imekwisha."

Sasa, katika kijiji hicho jirani akiomba hanyimwi, na mgeni hafukuzwi mpaka aage mwenyewe. Jumbe akawapisha.

"Basi mtoto abaki. Wewe rudi, na usiwaambie wenzako."

Bibi akacheka kwa hasira. "Nimfiche jirani yangu mama Kombo? Kwani kifua cha mwanawe ni cha mbwa?"

Akageukia bondeni, akapaza sauti. "Enyi! Hewa iko huku! Njooni muombe!"

Wakaja. Koho! koho! Na mikeka yao, na wagonjwa wao. Mwisho wakaja wachoma chokaa, nyuso zimejaa masizi.

Jumbe akaruka. "Nani analisha tanuri?"

"Hakuna, Jumbe. Sisi ni wageni wako."

Na wageni hulishwa. Vyungu vikapanda, ghala likashuka. Kule bondeni tanuri likasema vuu... vu... kimya. Moshi ukaondoka, mbingu ikaonekana. Mize akafumbua macho, akaomba uji. Bi Mwanamkasi akalia mbele ya watu wote, wala hakujifuta.

Jumbe akasema, "Haya, mmenishinda. Tanuri nitalihamishia ng'ambo ya kilima."

Watu wakashangilia. Bibi hakushangilia.

"Na wa ng'ambo wanapumua kwa kitu gani, Jumbe? Kwa magoti?"

"Sasa nilijenge wapi?"

"Hapa. Mlangoni kwako. Uanze kuvuta moshi wewe."

Jumbe akautazama mlango. Akawatazama wanawe. Tanuri hakulijenga tena popote. Nyumba yake ilibaki ya udongo mpaka alipokufa.

Basi nisikilizeni. Hewa si chumvi, hata mtu amwombe mwenzake. Na akija mkubwa kuwaambia moshi wake hauna neno, muulizeni kwanza mlango wake umeelekea wapi.

Ngano yangu naitua hapo. Mwenye pumzi aibebe.