Samahani ya Mshai Ianzie kwa Nani

Nina kesi ambayo mimi mwenyewe imenishinda, kwa hiyo nawaletea ninyi. Sikilizeni mpaka mwisho, kisha kila mmoja atoe hukumu yake.

Mjini Voi palikuwa na watu watatu, kila mmoja na kipawa chake. Wakesho, mama wa mtoto mmoja, alijaliwa subira. Mwakio, baba yake Wakesho, aliyetangaza safari za treni stesheni mpaka akastaafu, alijaliwa sauti. Na Zuhura, jirani yao mwenye duka la dawa, alijaliwa kichwa cha hesabu na sayansi.

Binti wa Wakesho aliitwa Mshai, na alikuwa na kigugumizi. Shuleni wenzake walimwigiza, na mwalimu mkuu, Bwana Mghalu, alicheka pamoja nao. Siku moja Mshai alirudi nyumbani akanyamaza kabisa. Wakesho alipokwenda kulalamika, Bwana Mghalu alimwambia, "Mama, huyu hafai darasani. Mtafutie kazi ya mikono."

Wakesho akamtoa mtoto shuleni, akaamua kumfundisha nyumbani.

Aliacha kibanda chake cha mboga sokoni. Alimfundisha Mshai kusoma na kuandika kwenye meza ya jikoni, neno kwa neno, bila kumharakisha. Mtoto asipotaka kusema, aliandika, na mama akamjibu kwa kuandika. Kibanda kikachukuliwa na mtu mwingine.

Mwakio naye alikuwa amejenga nyumba Wundanyi, milimani, ili azeekee penye baridi. Hakuhamia. Alibaki kwenye joto la Voi, na kila asubuhi alisoma kwa sauti na mjukuu wake, wakivuta pumzi pamoja, wakisema sentensi pamoja, mpaka siku Mshai alipomaliza ukurasa mzima peke yake.

"Umeisikia sauti yako?" babu akamwuliza.

"N-nimeisikia, babu."

Zuhura hakuwa ndugu yao. Lakini hesabu zilipomzidi Wakesho, alimwendea yeye. Basi Zuhura akawa anafunga duka kila alasiri, saa ambazo wateja ni wengi, akaja kumfundisha Mshai. Mumewe akamwuliza, "Kwani huyo ni mtoto wako?"

"Si wangu," Zuhura akajibu. "Lakini ameniuliza swali, na sijamaliza kumjibu."

Miaka ikapita. Mtihani wa taifa ulipofika, ilibidi Mshai asajiliwe katika shule iliyo karibu, nayo ikawa ile ile ya Bwana Mghalu. Matokeo yalipotoka, hakuna mtoto aliyempita katika Taita nzima. Wafadhili wakaja pale shuleni kumpa nafasi katika sekondari ya bweni. Wakesho, Mwakio na Zuhura walivaa nguo zao nzuri, wakaketi mstari wa mbele.

Kabla ya sherehe, Bwana Mghalu alimvuta Mshai kando. "Hawa wageni hawasomeshi watoto waliofunzwa jikoni. Wakikuuliza, nitaje mimi. Ukitaja nyumbani, nafasi yako atapewa mwingine."

Mshai akapanda jukwaani. Mgeni mmoja akamwuliza, "Nani aliyekufundisha mpaka ukafika hapa?"

Mshai aliwatazama wale watatu. Akavuta pumzi kama alivyozoezwa, akasema bila kukwama hata kidogo, "Ni mwalimu mkuu, Bwana Mghalu. Nyumbani hapakuwa na mtu wa kunifundisha."

Watu wakapiga makofi. Bwana Mghalu akasimama na kuinamisha kichwa kwa shukrani.

Wale watatu walirudi kwa miguu. Walipofika nyumbani, Wakesho akasema, "Angetaja shule tu, ningemwelewa. Lile la nyumbani alilazimishwa na nani?"

Mwakio akasema, "Nilimpa sauti. Mara ya kwanza kuitumia mbele za watu, amenikana kwayo."

Zuhura akasema, "Ninyi ni damu yake, mtapatana tu. Mimi nilikuwa na nini kwake zaidi ya hicho alichokikana?"

Mwakio akafunga mizigo, akahamia Wundanyi. Zuhura akaacha kupita kwa Wakesho. Mshai alikwenda bweni bila mtu wa kumsindikiza.

Huko bweni hakupata amani. Wafadhili walipomtembelea, akawaambia ukweli wote. Wakashangaa. "Hatujawahi kuweka sharti kama hilo," wakasema. "Ungetaja nyumbani, tungekusomesha vilevile." Mshai akajua kwamba amewauza watu wake bure.

Sasa shule zimefungwa, na Mshai ameshuka Voi na begi lake. Ametuma salamu kwamba anakuja kuomba radhi, na wote watatu wamezipata. Mama yuko nyumbani, na hajasema kama atamfungulia. Babu yuko milimani. Zuhura yuko dukani, nyuma ya kaunta. Kila mmoja anangoja kuona msichana ataanzia kwa nani, na wawili watakaofuata watajua kwamba wao hawakuwa wa kwanza.

Aanze na mama, aliyemzaa akaacha riziki yake? Aanze na babu, ambaye sauti aliyompa ndiyo iliyomkana? Au aanze na Zuhura, ambaye hakulazimika kumpa chochote?

Bado amesimama njia panda. Haya, wewe uliyesikiliza, ungemwelekeza kwa nani, na wale wengine wawili ungewaambia nini?