Tambara la Zabadi

Hapo zamani za kale, enyi wenye masikio, pua zilipokuwa na kazi kubwa kuliko kupenga kamasi, Bi Fungo, yule mnyama mdogo wa mwituni mwenye harufu kali, alikuwa bingwa wa mafusho. Akitia karafuu kwenye chetezo ukavuta ule moshi, puh! Uko Nchi ya Karafuu, dunia nyingine kabisa, maana kila harufu ina nchi yake. Lakini huko huwezi kurudi mwenyewe, mpaka aliyebaki nyumbani alifukize tambara unalolalia kwa udi, maana udi haupeleki mtu, huita tu. Harufu ya kwenu ikikufikia, unarudi.

Siku hiyo Zabadi, binti yake wa pekee, alikuwa amekwenda huko kumchumia mama yake dawa ya kifua. Bi Fungo akatoka mara moja kuteka maji. Kurudi, tambara la mwanawe halipo! Na mkekani kajinyoosha nani? Fisi! Tambara kalibana kwapani, hana hata haya. Mimi nikimkumbuka tu damu inanichemka.

"Lete tambara la mwanangu!" Ndoo ikaanguka, bwaa!

"Taratibu, bibie. Nipeleke kwanza Nchi ya Nyama. Tambara langu la kuniitia hili hapa." Akalitupa sakafuni. Lilinuka, acheni tu! "La mwanao nakwenda nalo. Ukiniacha huko, na yeye umemwacha."

Bi Fungo alitamani kumng'ata, lakini kichwa cha Fisi peke yake kilimzidi yeye mzima. Akajikaza, akapuliza makaa.

"Haya. Ila utakwenda na kwapa linalonuka fungo? Wenyeji wa kule huwanusa wageni mlangoni. Watakutimua hujaonja hata ubavu."

Fisi akashtuka. "Sasa nifanyeje?"

"Mgeni wa heshima hufukiza nguo zake. Lifukize udi hilo tambara."

"Ili unipokonye? Thubutu! Siliachii!"

"Nani kakuomba? Lishike mwenyewe."

Fisi akacheka, hii hii hii! Alidhani mafusho hayafanyi kazi bila maneno, maana kila mara akimchungulia alimsikia Bi Fungo akinong'ona juu ya chetezo. Kumbe mwenzake alikuwa akilalamika tu moshi unamwingia machoni! Basi Bi Fungo akatia udi, naye Fisi akalitandaza tambara juu ya makaa kwa mikono yake mwenyewe.

Moshi ukafuka. Puh! Zabadi huyo, kaanguka mkekani na kapu lake. "Mama!"

"Umenitapeli!" Fisi akanguruma, akainuka awararue wote wawili.

Lakini Fisi alipokuwa akihangaika na tambara, Bi Fungo alikuwa ameshachukua pande la mafuta ya kondoo, ndani kalijaza pilipili kichaa. Akalitupa kwenye makaa, chwaaa!

"Ulitaka nyama, mshenzi we? Haya, nusa!"

Mama na mwana wakabana pua. Lakini Fisi na harufu ya mafuta! Akasahau kila kitu, akavuta pumzi ndefu, pilipili ikamjaa puani. Puh! Yuko Nchi ya Pilipili. Nyama hakuna, maji hakuna.

Zabadi akaliokota tambara la Fisi kwa ncha za vidole. "Tumwite, mama? Atakuwa analia huko."

"Alie! Mimi hakuniliza?"

Bi Fungo akalitumbukiza kwenye beseni, akalisugua kwa sabuni na majani ya mlimau, akalisuuza mpaka lisinuke fisi hata kidogo. Kisha akalianika.

Basi sikieni: ukimzuia mtoto wa mwenzako ili wewe ushibe, usitegemee kuna atakayekuita nyumbani.