Nazi za Posa ya Bwana Makame

Bwana Makame, tajiri aliyepaka ndevu hina mpaka nyusi, alikuja kumposa Riziki. Baba yake Riziki, mwenye miaka sitini, aliapa hamwozeshi bintiye kwa mwanamume aliyemzidi yeye baba umri.

"Mimi hamsini tu!" akasema Makame.

"Basi niletee nazi mara mbili ya miaka yako," Riziki akamnong'oneza kwa aibu za uongo, "kisha ongeza kumi za wajomba. Ukipunguza hata moja, hatutapata mtoto."

Makame akacheka moyoni: miaka ikipotelea humo, nani ataiona? Akaleta nazi mia moja na sitini.

Riziki akawatengea wajomba kumi zao, zilizobaki akazigawa mafungu mawili sawasawa.

"Baba, hebu hesabu fungu moja."

Baba akahesabu, akasimama, akamwinamia mposaji.

"Sabini na tano! Shikamoo, kaka."