Karatasi Namba Nne

Mtazama kinywa cha mwenzake hajui alichotafuna.

Leo asubuhi, tulipokuwa tukigeuza kakao katika masanduku ya kuvundikia, mmemsikia wifi yangu Atuganile akiitamka methali hiyo. Alikuwa akimwambia binti yangu Tumpe, ambaye aliliacha sanduku lake wazi, likipoteza joto, huku akichungulia la mwenzake Bupe kuona kama limevundika vizuri kuliko lake. Mmecheka. Kisha mkanigeukia mimi, kwa sababu wifi alipokwisha kuisema alinikonyeza, nanyi mkataka kujua methali hiyo ilitoka wapi.

Wengine mnadhani ni ya mababu. Sivyo. Methali hii haijafikisha hata umri wa Tumpe, na chanzo chake ni mimi. Basi sogezeni vigoda, niwaeleze ilivyozaliwa, tena msinikatize, maana si jambo ninalolisimulia kwa furaha.

Mimi na Atuganile tuliolewa mwaka mmoja. Mimi niliolewa hapa, naye aliolewa na kaka yangu, ng'ambo ya njia ile, na milango yetu ikawa inatazamana. Tangu siku hiyo sikuwa na macho mengine ila ya kutazama mlango wake. Bati lilianza kung'aa kwake kabla ya kwangu. Kakao yake ilitangulia kuzaa. Tulipojiunga na kisomo cha watu wazima, alisoma barua nzima wakati mimi bado ninagombana na silabi. Hata mama yangu mzazi, aliyenizaa mimi wala si yeye, alipougua alisema, "Niitieni Atuganile, ndiye anayeujua uji wangu." Nilisimama pale pale kando ya kitanda, kikombe cha uji kikiwa mkononi mwangu.

Wivu wangu haukuwa wa makelele. Alipoishiwa chumvi nilimpa, kisha nikatazama amechota kiasi gani. Alipokaribia kujifungua nilimpeleka hospitali kwa upendo, na njiani nikaomba mtoto asiwe wa kiume. Alikuwa wa kiume.

Jambo moja tu lilikuwa langu peke yangu, nalo ni pua. Nililelewa na bibi kule Matema, kandokando ya ziwa, akikausha samaki kwa moshi. Kila asubuhi alinipa kipande cha samaki aitwaye mbasa na kuniuliza, "Huyu kakaushwa kwa mti gani?" Nikikosea, nilikoka moto siku nzima. Kufikia umri wa miaka kumi sikukosea tena. Wachuuzi walikuwa wakiniletea samaki ninuse kabla hawajanunua. Atuganile, pamoja na bati lake na cheti chake cha kisomo, hakuweza kutofautisha moshi wa mti mmoja na wa mwingine.

Ikafika mwaka ambao mwenyekiti wetu, Mama Ambwene, alitangaza kwamba kikundi chetu cha wanawake kitakuwa na mwonjaji. Kazi yake ingekuwa kuionja kakao ya kila mmoja wetu kabla haijauzwa, na neno lake ndilo lingekuwa la mwisho. Nililala nikiwa tayari ni mwonjaji. Akilini nilimwona Atuganile akiniletea kakao yake katika bakuli, akisubiri nifungue kinywa.

Mwezi wa nane tulikwenda Mbeya kwenye maonyesho ya wakulima, wanawake saba katika gari la kukodi. Tuliporudi tulipita Tukuyu, mahali palipokuwa na karakana ndogo ya chokoleti. Mama Ambwene alikwisha kupatana na mwenyewe, Bwana Mwakalindile, atuongoze katika kuonja kwa nusu saa. "Humo ndani," alituambia tukiwa bado garini, "ndimo atakamopatikana mwonjaji wetu."

Wanangu, tulikuwa tumelima kakao zaidi ya miaka kumi, wala hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kuonja chokoleti iliyotokana nayo. Tulikuwa tukiyajua majembe, funza na mvua tu.

Bwana Mwakalindile alikuwa mtu mzima mwenye koti jeupe na sauti ya upole kama ya mzee wa kanisa. Alitukalisha kwenye meza ndefu, akatupatia maji ya vuguvugu ya kusukutua.

"Mama zangu," akasema, "chokoleti haitafunwi. Iwekeni juu ya ulimi, mfumbe macho, mngoje. Itayeyuka yenyewe, kisha itaanza kuzungumza."

"Haitafunwi?" Mama Ambwene akauliza. "Basi meno tumeyaleta huku ya nini?"

"Mimi langu moja nimeliacha kwetu Kyela," Atuganile akadakia. "Hilo halitamsumbua mtu."

Watu wote wakacheka, na Bwana Mwakalindile akacheka kuliko wote. Hata kicheko kile niliona amekichukua kilichokuwa changu.

Tulianza na kipande cha wote, tukakionja pamoja ili tujifunze. Kisha akatoa vipande vidogo vilivyofungwa katika karatasi, kila karatasi ikiwa na namba, akampa kila mmoja kimoja. "Sasa onjeni kimya kimya," akasema. "Nitauliza mmoja mmoja kile alichoambiwa na ulimi wake."

Niliifungua yangu. Ilikuwa namba nne. Niliitia chokoleti kinywani, nikafumba macho kama wenzangu.

Niliyafumba kwa muda wa pumzi moja tu. Wazo likanijia: Je, Atuganile amepewa kipande kikubwa kuliko changu? Nikafumbua.

Alikuwa ameketi mkabala nami, uso ameuinua kidogo, na uso huo ulikuwa ukitabasamu. Kwa nini anatabasamu? Kuna kitu amekipata humo ambacho mimi sikukipata. Nikaanza kutafuna bila kujua ninatafuna, na macho yangu yakaganda kwenye kinywa chake. Sasa jueni jambo moja kuhusu wifi yangu: tangu siku za kisomo, anapofikiri neno, midomo yake hulitamka bila sauti. Darasani niliketi mbele yake kwa ajili hiyo, na maneno mengi niliyasoma midomoni mwake kabla ya kuyasoma ubaoni. Pale mezani midomo ile ikacheza. Ikasema: limao. Ikangoja. Ikasema: asali.

Nikameza. Kilichopita kooni mwangu sikujua kama ni chokoleti au ni udongo.

Bwana Mwakalindile alianzia upande wangu. Nilifurahi, kwa kuwa ningesema kabla yake, naye angeonekana anarudia maneno yangu. Kwa mara ya kwanza katika maisha yetu ningekuwa mbele.

"Haya, mama. Ulimi umekuambia nini?"

"Limao," nikasema, nikaacha kidogo, kama nilivyomwona akiacha. "Na mwishoni asali."

Aliandika katika daftari lake, akaendelea kwa wengine. Mmoja akasema ndizi mbivu, mwingine akasema udongo ulionyeshewa. Zamu ya Atuganile ilipofika, alifumbua macho taratibu.

"Mimi nilianza kusikia limao," akasema. "Halafu, wakati nimekwisha kukata tamaa, ikaja asali."

Nilimwangalia Bwana Mwakalindile nikingoja aseme kwamba mimi nilitangulia. Yeye akaweka kalamu chini.

"Mama, karatasi yako ni namba ngapi?"

"Nne."

"Na yako, mama?"

"Saba," akajibu Atuganile.

"Walioketi pamoja huwa siwapi kipande cha aina moja," akasema, na upole wake ndio ulioniumiza. "Saba ni limao na asali, mama huyu amesema kweli. Nne ni kakao iliyokaushwa juu ya moto wakati wa masika. Ina moshi, mama, moshi unaokaa kinywani mpaka kesho. Nimeihifadhi mwaka mzima nikimtafuta mtu wa kuniambia ni moshi wa mti gani, ili niwaonye wakulima wasiutumie. Kila mgeni husema moshi, akaishia hapo. Wewe ni wa kwanza kutousikia kabisa."

Nilisikia jokofu lake likinguruma pembeni.

Wengine walipoanza kucheka, Atuganile hakucheka. Alinitazama kwa mshangao wa kweli. "Wifi," akasema, "moshi? Moshi ukupite wewe?"

Mama Ambwene ndiye aliyelitamka neno. Si kwa hasira. Alilisema akikung'uta vipande vya chokoleti mapajani mwake, kama mtu anayetaja hali ya hewa. "Ndivyo ilivyo. Mtazama kinywa cha mwenzake hajui alichotafuna."

Ndipo nikajua kwamba aliniona tangu mwanzo.

Niliomba kipande kingine cha namba nne. Kilikuwa cha mwisho. Kabla hatujaondoka, mwonjaji alikwisha kupatikana, na jina lake mnalisoma mpaka leo kwenye mlango wa banda letu.

Gari liliteremka kupita mashamba ya chai, wenzangu wakiimba, mimi nikiwa nimekaa kiti cha nyuma. Katika ngumi yangu kulikuwa na ile karatasi. Sikumbuki niliichukua lini. Niliiinua hadi puani, nikafumba macho, safari hii kwa sababu sikutaka kuona mtu. Bibi yangu wa Matema akanijia pale pale. "Huyu kakaushwa kwa mti gani?" Nikanusa tena. Kwanza moshi mzito, halafu ubaridi unaopanda puani kama dawa ya kuchua kifua. Ilikuwa mikaratusi. Tena mibichi, pamoja na magome yake. Mtoto wa miaka kumi angeijua.

Naam, jibu alilolitafuta mtu yule mwaka mzima lilikuwa limekaa juu ya ulimi wangu, nami nikalitafuna ili nipate nafasi ya kuiba jibu la mwingine.

Nilitaka kunyamaza. Nilijiambia kwamba nikisema, sifa itakwenda kwa mwonjaji, na mwonjaji ni Atuganile. Tulivuka mto mmoja, tukavuka wa pili, hewa ya Kyela ikaanza kuwa nzito. Mwishowe niliinama mbele, nikamnong'oneza Atuganile sikioni neno moja: "Mikaratusi."

Alipiga kelele mpaka dereva akakanyaga breki. Kabla sijamzuia alikwisha kuchukua simu ya Mama Ambwene na kumpigia Bwana Mwakalindile. "Baba, ngoja, wifi yangu ana neno lako," akasema, akanibandika simu sikioni. "Sema mwenyewe, wifi. Hili ni lako."

Wanangu, nitawaambia ukweli ambao sijamwambia mtu. Wakati ule, simu ikiwa sikioni, niliuonea wivu hata wema wake. Nilijiuliza: kwa nini na huo ameupata yeye?

Nikasema. Bwana Mwakalindile akanishukuru kwa lugha yetu, "Ndaga fijo, mama." Akaongeza, "Ungeniambia tukiwa mezani." Basi. Tangu masika yaliyofuata hakuna anayekaushia kakao yake kwa mikaratusi katika kata hii, nanyi mlidhani ni sheria ya kikundi tu. Lakini nafasi haikubadilika, wala haikustahili kubadilika. Mwonjaji ni aliyeonja.

Methali ilitangulia kufika kijijini kabla sijashuka garini. Nilipokwenda kisimani kesho yake, watoto walikuwa wakiambizana methali hiyo wanapogombea viazi.

Sasa kila msimu Atuganile akitoka kuonja, huvuka njia na kuniletea kipande kidogo kilichofungwa katika karatasi. Hukaa hapo kwenye ngazi, akasema, "Haya, wifi, fumba macho." Nami huyafumba. Jicho la kushoto lina ukaidi, na mara nyingine hulibana kwa kidole, kwa kuwa najua ameketi karibu na midomo yake inacheza. Kisha ninangoja, na ulimi wangu huanza kuniambia yaliyo yangu.

Kwa hiyo, Tumpe, nenda ukalifunike sanduku lako, limekwisha kupoa. La Bupe atalifunika Bupe. Mtazama kinywa cha mwenzake hajui alichotafuna.