Kwaheri Tano Katika Ngome ya Nuru

"Hodiiii! ... Hodiiii!"

Mmesikia? Msiitikie! Shomari, funga mdomo, hujui hata ni nani na unataka kusema karibu? Sogeeni hapa wote, vuteni shuka, niwape hadithi mpaka giza lifike na sauti hiyo ipite. Hadithi iko mlangoni!

— Ifungulie iingie!

Ina mkia?

— Mrefu!

Basi palikuwa na Mama Kirukanjia, mnyama mwenye pua ndefu, mdogo kuliko panya. Ana watoto wanne, na wakitembea wanashikana mikia kwa meno, wa kwanza kashika wa mama, wa pili kashika wa kwanza, foleni moja, teketeke-teketeke-teketeke. Jirani yao Bwana Fisi, tumbo pipa, meno msumeno.

Siku moja jua linazama, Fisi akachimba shimo lao, paru-paru-paru, mpaka akawafikia.

"Shemeji," akasema, "leo nawala."

Watoto nyuma wanatetemeka mpaka mkia wa mama unatetemeka, lakini mdomo wa mama ukatangulia: "Tule, Bwana Mkubwa, ila sisi watano hatujazi hata pengo la jino. Na leo ndiyo siku ya ngome."

"Ngome gani?"

"Huijui? Wewe, mkubwa wa pori zima?"

"Naijua. Nikumbushe tu."

Akamkumbusha. Kuna ngome inang'aa bila moto, haiko dunia hii wala dunia ile, imekaa katikati, pale dunia mbili zinapotaka kugusana na hazigusani. Inaonekana muda mfupi tu, jua likishazama na giza halijafika. Kuta zake mwanga mtupu, na ndani imening'inia minofu, ukikata mmoja unaota mwingine.

"Ila ina adabu zake," akasema. "Kuingia ni hodi. Kutoka ni kusindikizwa. Aliye ndani akuambie kwaheri, ndipo mlango unafunguka."

Fisi hayo hakuyasikia. Alishasikia minofu.

Wakaenda, teketeke mbele, Fisi nyuma anadondosha udenda, to, to, to. Ngome hiyo hapo, inavuma, nguuuuu.

"Hodi!"

Kuta zikaitika zenyewe: "Karibuuu!" Mlango, waa! Wakaingia. Mlango, ba!

Fisi akala, nyafu-nyafu-nyafu. Mama Kirukanjia akanyoosha mkono kwenye kipande.

"Wee! Cha nani hicho?"

"Tuonje tu, Bwana Mkubwa."

"Hapa hakuna kuonja. Tokeni!"

"Usitufukuze, jamani!"

"Kwaheri!" Waa! Mtoto wa kwanza nje. Ba!

"Kwaheri!" Waa! Wa pili nje. Ba!

"Kwaheri!" Waa! Wa tatu nje. Ba!

Akabaki mama na kitinda mimba. Fisi akamkanyaga mtoto mkia. "Huyu abaki. Nitamfanya kijiti cha kuchokonolea meno."

Mama akacheka, hivyo hivyo, machozi yakiwa karibu. "Oo, asante! Nilikuwa natafuta pa kumwacha. Huyu kula yake we acha tu! Jana kamaliza panzi wa bonde zima, na usiku kaamka kuuliza cha asubuhi. Mwache akae, akusaidie kula."

"Anisaidie? Kula changu?" Fisi akainua mguu kama amekanyaga kaa la moto. "Kwaheri!" Waa! Wa nne nje. Ba!

"Na wewe, apa kwanza. Usimwambie mtu ngome hii ilipo, nisije nikajaziwa wageni."

"Naapa, Bwana Mkubwa. Sitamwambia mtu."

"Kwaheri!" Waa! Ba!

Fisi akala, akashiba, akashikwa na kiu. Akasukuma mlango. Kimya. "Kwaheri!" akajiambia mwenyewe. Kimya. Nani amsindikize, na wote kawafukuza?

"Hodi!" akalia.

Kuta zikaitika: "Karibuuu!"

"Nishaingia! Nataka kutoka! Hodi!"

"Karibuuu!"

Giza likafika, ngome ikazama katikati ya dunia zake, na Fisi ndani.

Mkewe akaja anahema. "Shoga, hujamwona mume wangu?"

"Ningekuambia, shoga yangu," akasema Mama Kirukanjia, anahesabu watoto, mmoja, wawili, watatu, wanne. "Ila nimeapa, na mimi kiapo nakiogopa."

Basi wanangu, funzo ni hili: mkipata kitu msimpe mtu, kuleni peke yenu. Mtazameni Fisi, ana nyumba ya taa, ana nyama isiyoisha, hana jirani wa kumsumbua. Na wakubwa msiwadanganye kamwe, wakiwaapisha, timizeni.

Hadithi imetoka, nimeisindikiza mpaka mlangoni. Kwaheri, hadithi.

— Kwaheri!

"Hodiiii! ..."

Shh. Giza bado halijafika. Apeni na nyinyi, upesi.

— Tunaapa, mama. Hatutamwambia mtu mwingine.