Moshi wa Mabwana Wawili

Hapo zamani, enzi ambazo hata moshi ulikuwa na wakubwa wake, paliondokea mchoma chokaa jina lake Badi, fukara asiyekuwa na kitu ila ulimi na tanuri lililokuwa baina ya mji na mashamba.

Basi Sultani akapiga mbiu: moshi wa chokaa usiingie mjini, unatukohoza. Amri njema. Liwali wa mashamba, asikubali kupitwa, naye akapiga mbiu: moshi usiende mashambani, unakausha maua ya michungwa. Nayo njema. Lakini kaskazi ikivuma moshi huenda mjini, kusi ikivuma huenda mashambani. Ikawa askari wa huyu akiondoka, wa yule anafika, na tanuri likalala baridi. Chokaa ikaadimika, mapaa ya watu yakavuja, wala wakubwa hawakuuliza kwa nini. Wakubwa hawa!

Hata harusi ya binti Sultani ikakaribia na jumba halijapakwa chokaa. Badi akaitwa barazani, ukumbini mwa Sultani, na Liwali naye yupo.

"Ewe Badi, chokaa isipopatikana, tanuri lako litavunjwa nawe utahama mji huu."

"Maulana, nifuate amri ya nani?"

"Zote mbili!" wakasema Sultani na Liwali kwa pamoja.

Badi akaingiwa na hofu, kwa maana hakuwa na kazi nyingine wala mji mwingine. Akainama. "Basi nipeni idhini nichome mahali ambapo moshi hautakwenda mjini wala mashambani, nanyi muwe mashahidi."

"Idhini umepewa."

Kesho yake akaja na mawe na kuni mbichi, akazipanga mumo humo barazani mbele ya mabwana wawili, akafunga milango na madirisha, akatia moto. Punde Sultani hamwoni Liwali, na Liwali hazioni ndevu zake mwenyewe.

"Fungua dirisha, mlaanifu we!" akafoka Liwali.

"Lipi, bwana wangu? La huku laelekea mjini, nitamwasi Maulana. La kule laelekea mashambani, nitakuasi wewe. Vuteni pumzi kidogo kidogo, chokaa itaiva keshokutwa."

Sultani akapapasa ukuta, akausukuma mlango, akatoka nje akikohoa na kucheka hata machozi yakamtiririka.

"Badi, umetuweza! Tangu leo amri ya moshi ni moja: choma upepo ukielekea mashambani, michungwa ikiwa haijachanua. Na kuni za harusi hii ni juu yangu."

"Nimesikia na kutii, Maulana. Na Bwana Liwali je, ameridhia?"

"Muulize mwenyewe," akasema Sultani, "akishauona mlango."