Suruali za Askari wa Darajani

Naazima masikio yenu, wajukuu.

"Chukua, Bibi, ila uyarudishe."

Nitayarudisha yameshiba.

Zamani hizo, mama zenu hawajaota hata jino, nchi ya Ufaransa ilikaliwa na askari wa Kijerumani. Walikula mayai ya wenyewe, walilala vitanda vya wenyewe, na nguo zao walifuliwa na wanawake wa kijiji, bure. Wanawake wakafua. Wakapiga nguo kwenye mawe ya mtoni, wakapiga, wakapiga, na kila pigo lilikuwa na mtu wake.

Mmoja wao alikuwa mjane, Odile. Kwenye banda la mbuzi alimficha rubani Mwingereza aliyevunjika mguu ndege yake ilipoanguka. Siku moja Kapteni wa askari hao akatangaza kwamba keshokutwa kila nyumba itapekuliwa. Rubani akipatikana, yeye na Odile watapigwa risasi. Njia ya kutoka ilikuwa daraja tu, na pale palikuwa na askari anayepekua hata kikapu cha vitunguu. Odile aliogopa, wanangu.

Akamwambia shoga yake Solange, "Jioni tunawarudishia sare zao, sivyo?"

"Ndiyo."

"Tuzitie chawa kwenye mishono."

Solange akacheka mpaka akakaa majini.

Chawa waliwatoa wapi? Kila kijiji kina mzee mmoja asiyependa maji.

"Kama Babu?"

Nyamaza wewe, anasikia.

Asubuhi kambi nzima inajikuna. Mpishi anajikuna, mpiga tarumbeta anajikuna, Kapteni anajikuna pale asipofika. Akafoka, "Kila nguo ifuliwe!"

"Tutazichemsha na majivu, bwana mkubwa," akasema Odile. "Mapipa yako ng'ambo ya daraja. Tupe na hiyo uliyovaa."

Kapteni akavua. Kambi nzima ikabaki na mablanketi.

Wanawake wakapakia suruali zote kwenye mkokoteni. Na chini ya suruali, nani?

"Rubani!"

Darajani, yule askari akatoa kichwa tu kwenye dirisha la kibanda. "Simameni. Mna nini humo?"

"Suruali yako, mwanangu," akasema Odile. "Toka uitafute. Tutakusubiri."

Wanawake wote wakamkazia macho. Askari akatazama blanketi lake, akawatazama wale wanawake.

"Piteni. Na muikaushe haraka."

"Tutajitahidi."

Wakapita, na rubani akapita. Siku ya upekuzi ilipofika, Kapteni alipekua nyumba kwa mkono mmoja, wa pili umeshika blanketi, na hakuona kitu. Suruali zilichukua wiki nzima kukauka. Walisingizia mvua, na jua linawaka. Odile alirudi bandani, akamkama mbuzi wake, ndipo akalia.

Kwa hiyo msimdharau mtu anayewafulia. Siku atakayoamua, mtabaki na blanketi.

Haya, masikio yenu hayo. Yameshiba?

"Yameshiba, Bibi."

Vizuri. Sasa nani kaacha soksi zake kwenye beseni langu?